NANI MWENYE NYUMBA? SOMO JUU YA MPANGAJI WA MPANGAJI

Mimi ni mwanafunzi wa kidato cha tatu na hii ndiyo mara yangu ya kwanza kuandika humu. Wenzangu huandika juu ya ngeli, mashairi na methali. Mimi nimechagua jambo ambalo halimo katika silabasi, nalo ni majina ya watu wanaopangishana mahali pamoja, mmoja chini ya mwingine, kama vidato vya ngazi. Najua utaniuliza, msomaji, mtoto wa shule na mambo ya kodi ni wapi na wapi? Hebu nikueleze.

Mama yangu ni fundi cherehani. Kwa miaka minne alishonea katika stoli moja katikati ya jiji la Nairobi, ndani ya duka kubwa lililogawanywa kwa mbao na vioo likawa vyumba vidogo vidogo, yale tunayoyaita eksibisheni. Stoli yake ilitosha cherehani, kiti, pasi na mteja mmoja aliyesimama wima. Alipoingia alilipa guduwili ya shilingi 60,000, yaani pesa za kupewa ruhusa ya kuingia tu, ambazo hazirudi. Kisha kila mwezi kodi ya shilingi 9,000. Alimlipa mzee mmoja mpole aliyevaa kofia wakati wote, hata jua likiwa limetua. Sote tulimwita landilodi. Mama hakuchelewesha kodi hata mwezi mmoja, na kila risiti aliitia katika mkebe wa vifungo.

Mwaka jana, Alhamisi moja ya mwezi wa pili, nilitoka shule nikapitia mjini kumsaidia mama kubeba vitambaa. Nikakuta lori limesimama mlangoni. Dalali na vijana wake walikuwa wanatoa vitu katika stoli zote kumi na mbili. Viatu, simu, wigi, mifuko, vyote vilitupwa juu ya lori kama mahindi. Mama alikuwa amesimama na mkebe wake mkononi akisema, "Mimi nimelipa! Risiti ya mwezi huu ni hii hapa!" Dalali hakuwa na hasira hata kidogo. Alimwonyesha karatasi akasema, "Mama, wewe jina lako haliko hapa."

Kweli halikuwako. Jina lililokuwako ni la yule mzee wa kofia. Kumbe naye alikuwa mpangaji kama sisi! Alikuwa amekodi duka zima kutoka kwa mwenye jengo, akaligawa, akachukua guduwili kumi na mbili, na kwa miezi saba hakuwa amempelekea mwenye jengo hata senti moja. Simu yake ilikuwa imezimwa. Cherehani ya mama ikapandishwa lorini ikiwa bado na shati la mtu chini ya sindano.

Jioni hiyo tulikwenda kwa mzee jirani yetu ambaye amekuwa karani wa wakili tangu mimi sijazaliwa. Alimpa mama chai, akanigeukia mimi. "Wewe si ndiye mtu wa Kiswahili? Niambie, huyu wa kofia anaitwaje kwa Kiswahili?" Nikamwambia ni mwenye nyumba. "Nyumba si yake," akasema. Nikasema, basi ni mpangaji. "Na mama yako je?" Mpangaji. "Wote wawili wapangaji? Nani anamlipa nani?" Nikanyamaza. Ndipo akavuta karatasi akachora ngazi ambayo baadaye niliichora tena ubaoni katika mkutano wa chama chetu, na ndiyo nitakayokuonyesha sasa.

Juu kabisa kuna serikali. Usishangae, kwa maana viwanja vingi vya Nairobi si vya kumilikiwa milele bali vimekodishwa kwa muda, mara nyingi miaka 99. Kwa hiyo hata yule tunayemwita mwenye jengo, aliyejenga ghorofa nne, chini yake pana ardhi anayoilipia kodi. Kidato cha pili ni yeye. Cha tatu ni mzee wa kofia. Cha nne ni mama. Nilidhani ngazi imeishia hapo. Kama kuna cha tano tutaona mbele.

Wanasheria wa Kiingereza wana neno lao kwa mtu wa kidato cha katikati, yule ambaye ni mpangaji akitazama juu na mwenye nyumba akitazama chini. Humwita "mesne". Herufi ya s imeandikwa lakini haitamkwi; hutamkwa min, basi. Neno lenyewe si la Kiingereza cha asili bali limetoka katika Kifaransa cha mahakama za kale, na maana yake ni "wa katikati". Karani alisema mawakili wengi huliandika kila mwezi bila kujiuliza limetoka wapi. Katika mahakama zetu za Kenya bado lipo. Mtu ambaye haki yake ya kukaa mahali imekwisha naye hatoki, hudaiwa fedha kwa siku alizozidisha, na fedha hizo kwa jina la Kiingereza ni faida za "mesne", yaani faida za katikati, kati ya siku ambayo haki iliisha na siku aliyotoka.

Sasa mbona maneno ya mashamba ya Uingereza yanamfuata mama yangu hadi eksibisheni ya Nairobi? Ni kwa sababu mahakama zetu zilirithi sheria za huko. Sheria yetu ya mahakama ya 1967 inasema kwamba pale ambapo sheria zetu zilizoandikwa hazikusema kitu, mahakama zitumie kanuni za Uingereza kama zilivyokuwa tarehe 12 Agosti 1897, kadiri hali ya Kenya na ya watu wake inavyoruhusu. Kwa hiyo ukitaka kumjua mzee wa kofia ni lazima urudi nyuma sana.

Zamani huko Uingereza ardhi yote ilihesabiwa kuwa ni ya mfalme. Mfalme alimpa bwana mkubwa eneo ili amtumikie kwa vita au kwa mali. Bwana huyo akamkatia mwingine sehemu, awe chini yake. Huyo naye akamkatia mwingine. Ngazi ikarefuka, na kila mtu wa katikati akawa anakula kidogo kutoka kwa wa chini yake huku wa juu kabisa haoni kitu. Mwaka 1290, katika utawala wa Mfalme Edward wa Kwanza, ikatungwa sheria ya kuzuia jambo hilo. Inaitwa kwa maneno yake mawili ya mwanzo ya Kilatini, Quia Emptores, maana yake "kwa kuwa wanunuzi". (Fikiria kama insha zetu zingeitwa kwa maneno ya mwanzo, nusu ya darasa letu ingeitwa "Ilikuwa siku ya".) Tangu hapo, mwenye ardhi ya kudumu akitaka kuiuza, mnunuzi anaingia mahali pa muuzaji, hawekwi chini yake. Ngazi ya wamiliki ikakatwa. Lakini ngazi ya waliokodi kwa muda haikukatwa, nayo ndiyo ile ile inayopanda mpaka stoli zetu.

Kutoka hapo karani alitupa jambo ambalo kwangu ndilo gumu kuliko yote, na naomba ulisome pole pole. Kati ya watu wawili wanaopangishana kuna kamba mbili. Ya kwanza ni kamba ya mkataba: mimi na wewe tumekubaliana, tumeahidiana. Ya pili ni kamba ya milki: wewe umeniachia mahali kwa muda, na muda huo ukiisha mahali panarudi kwako. Kati ya mwenye jengo na mzee wa kofia kamba zote mbili zipo. Kati ya mzee wa kofia na mama, zote mbili zipo. Kati ya mwenye jengo na mama je? Hakuna hata moja. Hawajuani. Mwenye jengo hawezi kumdai mama kodi ya mzee wa kofia, lakini mama naye hawezi kumwambia mwenye jengo, "nilikulipa." Hakumlipa yeye. Ndiyo maana dalali alisema jina lake haliko. Hakuwa anamtukana, alikuwa anasoma ngazi.

Na kwa kanuni ya kale ya kukamata mali kwa sababu ya kodi, mwenye nyumba wa juu aliweza kukamata vitu alivyovikuta ndani, hata kama ni vya mpangaji wa chini asiyedaiwa. Uingereza yenyewe iliona ubaya wake ikatunga sheria mwaka 1908. Mpangaji wa chini aliruhusiwa kuandika tamko kwamba vitu hivi si vya yule anayedaiwa, akaambatanisha orodha yake, na akaahidi kwamba kodi yake mwenyewe sasa ataipeleka moja kwa moja juu mpaka deni liishe. Mwaka 2014 waliifuta kabisa ile kanuni ya kale na kuweka utaratibu mwingine. Hapa kwetu, kwa maduka yanayolindwa na sheria ya 1965 ya wenye nyumba na wapangaji wa maduka na hoteli, baraza la kodi ndilo lenye mamlaka ya kutoa ruhusa ya kukamata mali. Ruhusa ya dalali wetu ilikuwako. Sitaki kusema zaidi ya hapo.

Sheria hiyo ya 1965 nimeisoma mwenyewe, kwa msaada wa mwalimu mlezi wa chama, na nakiri kamusi ilichakaa. Inalinda upangaji wa biashara ambao haukuandikwa, au ulioandikwa kwa muda usiozidi miaka mitano. Mwenye nyumba akitaka kukutoa au kubadilisha masharti, ni lazima akupe ilani, na ilani hiyo haianzi kazi mpaka ipite miezi miwili au zaidi tangu uipokee. Lakini kilichonifurahisha ni namna inavyomweleza mwenye nyumba. Haisemi ni mwenye hati, wala aliyejenga. Inasema ni yule ambaye, kati yake na mpangaji, ndiye mwenye haki ya kupokea kodi. "Kati yake na mpangaji"! Kumbe mwenye nyumba si mtu, ni upande. Na neno upangaji katika sheria hiyo linajumlisha hata upangaji wa chini. Kwa hiyo mama alikuwa mpangaji halisi, na mzee wa kofia alikuwa mwenye nyumba halisi kwa mama, hata kama hana tofali moja pale.

Kuna kanuni nyingine ndogo ambayo ni tamu. Mtu wa kati hawezi kutoa asichokuwa nacho. Mkataba wake ukiisha Desemba, hawezi kukupa Januari, hata akikuambia "kaa mpaka uchoke", kama mzee wa kofia alivyomwambia mama. Hilo ni rahisi. Lakini akikupa muda wote aliobakisha, mpaka siku ya mwisho kabisa, asijiwekee chochote, kanuni ya Kiingereza inasema hajakupangisha. Amekuhamishia mkataba wake. Yeye ametoka kwenye ngazi, nawe umeingia mahali pake, unatazamana na mwenye jengo. Ili abaki mtu wa kati ni lazima abakishe kidogo mwishoni, hata siku moja. Siku moja tu ndiyo inayomfanya mtu kuwa mwenye nyumba wa mwenzake.

Na kidato cha kati kikivunjika? Inategemea kimevunjikaje. Kwa kanuni za kale, mtu wa kati akirudisha mahali kwa hiari yake, mpangaji wa chini haanguki, anakuwa chini ya mwenye nyumba wa juu moja kwa moja. Lakini akinyang'anywa kwa kosa lake, kama kutolipa, wa chini huanguka pamoja naye, ingawa Uingereza tangu 1892 ilimruhusu wa chini kwenda kwa hakimu kuomba abakizwe. Ona basi: mama yangu hakufanya lolote katika mojawapo ya hali hizo mbili, lakini katika moja anabaki na stoli na katika nyingine anabaki barabarani.

Watu wa kati si wa Nairobi tu. Huko Ireland katika karne ya 18 na mwanzo wa ya 19, mabwana wengi wenye mashamba waliishi Uingereza. Walimkodishia mtu mmoja eneo kubwa kwa mkataba mrefu, naye akaligawa kwa wengine, nao wakaligawa tena, mpaka mkulima wa mwisho akawa na kishamba cha viazi ambacho kodi yake ilipita nguvu zake. Kodi iliyofika juu kabisa namna hiyo Waingereza waliita kwa jina la kile kitanda cha mateso kilichotumika kumvuta mtu viungo. Upande wa pili kuna kodi ya punje ya pilipili manga, yaani kodi ya jina tu, inayotozwa ili isemwe kwamba kuna kodi. Hiyo imo hata katika Katiba yetu ya 2010: wageni waliokuwa na ardhi ya kudumu Kenya walibadilishiwa wakapewa mkataba wa miaka 99 kwa kodi kama hiyo. Wamarekani nao mkataba wa mtu wa kati huuita wa sandwichi, na hilo wanachama walilipenda kuliko yote kwa kuwa mkutano wetu huwa kabla ya chakula cha mchana.

Mwenzetu mmoja aliyehamia hapa kutoka Mombasa alisimama akasema kwao kuna jambo geni zaidi. Nyumba ni ya mtu mmoja na ardhi chini yake ni ya mwingine. Mwenye nyumba hulipa kodi ya ardhi, na wapangaji wa vyumba humlipa yeye kodi ya vyumba. Nyumba bila ardhi, ndivyo zinavyoitwa. Kanuni ya Kiingereza husema kilichoshikamana na ardhi ni cha mwenye ardhi, lakini pwani watu wameishi hivyo miaka mingi.

Sasa nirudi kwenye Kiswahili chetu, maana hapo ndipo palipo na kidonda. Tuliposoma karatasi ya mama, iliyotolewa katika daftari la mraba, tulikuta imeandikwa hivi: "Mimi nimekodisha stoli namba saba." Chini kuna sahihi mbili. Nani alikodisha, nani alikodi? Tunajua darasani kwamba kukodi ni kuchukua kwa kulipa na kukodisha ni kumpa mwingine achukue. Lakini barabarani sisi sote husema "nimekodisha nyumba Kayole" na maana yetu ni kwamba tumeingia tunalipa. Kiambishi kimoja tu cha kutendesha, tunakimeza, na karatasi inakuwa haina mwenyewe. Vivyo hivyo kupanga na kupangisha. Chama kilibishana karibu saa nzima. Mmoja alipendekeza "mpangishishaji", tukacheka mpaka mwalimu akagonga meza. Mwisho tulikubaliana hivi kwa matumizi yetu: aliye juu ni mpangishaji mkuu, aliye katikati ni mpangishaji wa kati, aliye chini ni mpangaji wa chini. "Landilodi" tukamwacha nje, si kwa sababu ni neno la kukopa, maana dalali na risiti ni maneno ya kukopa pia, bali kwa sababu linawafunika wote kwa kofia moja.

Nilisema tutaona kidato cha tano. Jumamosi iliyofuata ile Alhamisi, mwanamke mmoja alikuja nyumbani kwetu akilia. Tulimwita Mama Zipu. Alikuwa anakaa kwenye kona ya stoli ya mama, kwenye kigoda, akibadilisha zipu za mifuko na suruali, na kila mwezi alimpa mama shilingi 2,000. Sanduku lake la zipu lilikuwa limekwenda na lori. Akamwambia mama, "Dada, mimi sijui mwenye jengo wala huyo wa kofia. Landilodi wangu ni wewe." Mama alitaka kukasirika, kisha akanitazama. Mimi nilitazama sakafuni kwa sababu nilikuwa nimeshaiona ile ngazi. Kati yake na Mama Zipu, mwenye haki ya kupokea kodi alikuwa nani? Mama alikuwa mtu wa kati. Hata karatasi hakuwa amempa.

Wenye stoli waliandika orodha ya kila kitu, kila mmoja na risiti zake, wakili akaipeleka. Cherehani ilirudi siku ya kumi na moja, shati likiwa bado chini ya sindano. Guduwili haikurudi, wala stoli. Sanduku la zipu halikuonekana kabisa. Mama alimrudishia Mama Zipu kodi ya mwezi ule na kumnunulia zipu nyingine kwa mkopo.

Sasa mama yuko kwenye duka dogo karibu na nyumbani. Kabla ya kulipa alimwuliza mwenye kulipangisha, "Samahani, wewe ni mpangishaji mkuu ama wa kati?" Yule bwana alishangaa, akacheka, kisha akaleta barua ya ruhusa kutoka kwa mwenye jengo. Alikuwa wa kati. Tumeandikiana mpaka tarehe 30 Desemba, kwa kuwa mkataba wake yeye unaisha tarehe 31. Halafu jioni niliandika karatasi nyingine, kwa kalamu nyeusi, ya Mama Zipu na mama: nani amempangisha nani, kiasi gani, na mpaka tarehe 29. Mama Zipu alisoma mara mbili akaniuliza kwa nini yeye anaondoka siku moja mapema. Nikamweleza yote, kuanzia 1290. Alinisikiliza mpaka mwisho, akatia sahihi, akasema, "Haya. Na hiyo siku moja nani atawashonea zipu?"